Mtani Aliyejaza Fomu ya Chuo Kikuu

Ukitaka kujua Shabani Mkwepu alimpenda nani pale kiwandani, sikiliza alikuwa akimtukana nani. Mtu asiyemjali alimpa "habari za kazi" na kupita zake. Lakini akikusimamisha mlangoni mbele ya watu, akakuuliza kama hiyo kanzu umeshona au umeachiwa na marehemu, basi ujue umo moyoni. Na hakuna aliyetukanwa pale kama Veronika Nantimbo.

Shabani alikuwa Myao, mtu mfupi mwenye sauti kubwa kuliko kifua chake. Ujanani alitoka upande wa Masasi akafuata kibarua cha mkonge Mikindani, kisha akabeba zege wakati bandari ya Mtwara inajengwa, na mwisho akaangukia kwenye kiwanda kidogo cha kubangua korosho huko Likombe, akawa msimamizi wa tanuri la kukaangia. Shule yake ilikuwa darasa la nne tu, lakini mwandiko wake ulikuwa wa mwalimu, ndiyo maana wafanyakazi walimchagua kuwa katibu wa tawi la TANU pale kiwandani. Nyumbani kwake Magomeni ya pale Mtwara alikuwa na mkewe, Mwanakombo, na binti mmoja, Asha, aliyemaliza darasa la saba mwaka ambao shuleni kwao walichaguliwa kwenda sekondari wavulana wanne na msichana hakuna hata mmoja. Jambo hilo Shabani hakulifanyia mzaha hata siku moja.

Veronika alikuwa Mmakonde wa Newala, karani wa kupanga madaraja ya korosho: nzima huku, vipande kule. Na kwetu huku Myao na Mmakonde ni watani. Mtani wako akikuita mwizi, huulizi kwa nini anakusingizia. Unamjibu kwamba mama yake ndiye aliyekufundisha wizi. Akikuta umekaanga samaki, anachukua. Ukinuna, umeshindwa, na watu watakucheka mwaka mzima. Hata msibani mtani hufanya vituko, huingia kaburini akalala humo akidai alipwe ndipo atoke. Kwao kina Shabani kulikuwa na sharti moja zaidi: mtani hakusifu ukiwa hai, ng'o. Siku utakapofukiwa, udongo ukishasawazishwa, ndipo anasimama na kusema neno moja la kweli juu yako. Basi.

Sasa Veronika alikuwa msomi, si mchezo. Alimaliza kidato cha sita, akaenda Jeshi la Kujenga Taifa mwaka wake mmoja, na alipokuwa akijiandaa kwa Chuo Kikuu mama yake akaugua. Akaomba kazi karibu, apate kumwangalia. Mama alipopata nafuu, mambo ya kuingia chuo yalikuwa yamegeuka. Chama kilikuwa kimeamua kule Musoma kwamba hakuna tena kutoka darasani na kuingia Chuo Kikuu moja kwa moja. Mtu afanye kazi kwanza miaka miwili, kisha wafanyakazi wenzake na tawi la Chama waseme ni mtu wa namna gani.

Wengine walinung'unika, hasa wale waliozoea kuona chuo ni chumba cha pili cha nyumba yao. Mimi nasema lilikuwa na uzuri wake. Waliingia watu wazima, makarani na walimu wenye wake na watoto, daftari kwapani. Ulioumia ni upande wa wasichana. Miaka miwili ya kazi kwa msichana ni miaka miwili ya washenga kugonga hodi, na wengi waliishia huko. Baadaye wasichana walipungua chuoni hata Serikali yenyewe ikashtuka, ikawaruhusu waende moja kwa moja. Lakini wakati wa Veronika hilo lilikuwa bado.

Yeye alikuwa amekwisha kurudisha posa mbili. Alitaka kwenda Morogoro kusomea kilimo, ajue kwa nini mikorosho ya baba zake ilikuwa inanyauka. Na akichaguliwa, hakuna senti ambayo ingemtoka: Serikali ililipa masomo, kitanda, chakula, vitabu, mpaka waranti ya kusafiria, naye angetia saini kulitumikia taifa akimaliza. Mtoto wa mkulima na mtoto wa waziri walikula bakuli moja. Ila mlango wa neema hiyo ulikuwa mmoja tu: ile fomu ya tawi.

Fomu ilifika Februari 1976, nakala mbili, moja ya kupeleka na moja ya kubaki kwenye faili. Kamati ya tawi ikakaa, ikakubali bila kelele, Shabani akaachiwa ajaze. Nakala ya kwanza aliijaza kwa heshima zote. Alipoishika ya pili, shetani wa utani akampanda. Wiki ile Veronika alikuwa amewatangazia wabanguaji wote kwamba Shabani alipotahiriwa alilia hata ngariba akaomba uhamisho. Deni hilo lilikuwa halijalipwa. Basi Shabani akawaza: nitamwonyesha hii, atetemeke kidogo, kisha nimpe ile ya kweli.

Akaandika kwa mwandiko wake mzuri. Tabia ya mwombaji: "Mmakonde." Bidii ya kazi: "Hulala juu ya magunia, akiamka huuliza wali." Uaminifu: "Msimwachie kuku." Msimamo wa siasa: "Anaujua ujamaa wa sahani tu." Mengineyo: "Babu yangu alimnunua babu yake kwa debe la chumvi, mpaka leo hatujaona faida." Akatia saini kwa madaha, akacheka peke yake mpaka machozi. Akaziweka zote mbili kwenye faili, ile ya mzaha juu, akakimbilia kwenye tanuri kwa kuwa moto ulikuwa umezidi. Siku ile hakurudi ofisini.

Haya sasa. Taipisti wa kiwanda aliitwa Magreth, mtu wa Bukoba, mwezi wake wa tatu Mtwara. Watani wa kwao ni wengine na utani wa kwao ni mwingine. Akakuta faili mezani, fomu imejazwa, saini ipo. Akapiga muhuri wa tawi, akaitia kwenye bahasha ya siri, akaifunga kwa lakiri, akaipeleka Posta mwenyewe.

Jumatatu Shabani aliingia ofisini anachekelea. Alifungua faili, akaona ile ya heshima peke yake.

"Magreth, nyingine iko wapi?"

"Nilishaituma, Katibu. Tangu Ijumaa."

"Uliisoma?"

"Niliisoma." Magreth akashusha sauti. "Pole sana, Katibu. Sikujua kama yule dada ana mambo hayo. Na mimi nakaa naye meza moja, mkoba wangu sijawahi kuufunga!"

Lahaula! Shabani akatoka mbio. Akapanda baiskeli, akaikanyaga kutoka Likombe mpaka Posta bila kumjibu mtu salamu. Karani wa Posta akamwambia mfuko uliondoka na ndege ya Jumamosi, na hata ungekuwepo, barua ikishapokelewa haitolewi kwa anayelia dirishani. Barabara ya Dar es Salaam nayo ilikuwa imekatwa na mvua kule Rufiji, hata angetaka kuifuata kwa miguu.

Mwanakombo alipoambiwa, akasema, "Mume wangu, huo mdomo nilidhani utakuua wewe. Kumbe utaua mtu mwingine." Shabani hakula siku ile.

Kesho yake akamfuata Veronika penye meza ya madaraja. "Veronika, nimekuharibia. Fomu iliyokwenda chuoni ni ya matusi."

Veronika hakuinua hata uso. "Na mimi nimeandika kwa mufti kwamba unafuga nguruwe."

"Veronika, nakuapia Mungu."

"Mungu gani tena, wa Wayao? Yule aliyewasahau alipokuwa anagawa urefu?"

Wabanguaji wakaangua kicheko. Shabani akajaribu mara ya tatu, sauti inakatika, nao wakazidi kucheka, wakisema leo ameigiza kweli kweli. Ndiyo malipo ya mtu asiyewahi kusema neno la maana. Siku akilisema hapati wa kumpokea. Ikabidi akamlete Magreth. Magreth akasimama pale, mikono nyuma, akayasoma kutoka kichwani yote, kuku na sahani na debe la chumvi, bila tabasamu. Kicheko kikakatika.

Veronika akaketi juu ya gunia. Hakumtukana. Afadhali angemtukana.

"Shabani," alisema, "mimi nina miaka ishirini na minne. Mjomba wangu amesema mwaka huu ndio wa mwisho. Nisipopata chuo, posa ya tatu haitarudishwa. Ataipokea yeye, sitaulizwa."

Na kwa Wamakonde neno la mjomba ni neno. Shabani alilijua hilo kama alivyolijua jina lake.

Usiku na mchana vikawa kitu kimoja kwake. Alituma ile fomu ya heshima na barua ndefu ya kueleza utani ni nini. Wiki zikapita. Mwishoni mwa Machi jibu likaja, na lilikuwa jibu la watu wa ofisi. Kwamba wamepokea fomu mbili za mwombaji mmoja, zenye saini moja na muhuri mmoja, zinazopingana. Kwamba hawawezi kuamini yoyote kati ya hizo. Kwamba, zaidi ya hayo, madai ya babu wa mwombaji kununuliwa kwa chumvi ni mazito na yanakwenda kinyume na siasa ya nchi, wangependa maelezo. Kwa hiyo uitishwe mkutano wa wafanyakazi wote mbele ya mjumbe kutoka wilayani, katibu atoe ushahidi wake kwa mdomo, na muhtasari uwafikie kabla ya mwisho wa Aprili. Ukichelewa, nafasi itakwenda kwa mwingine.

Mlango haukuwa umefungwa! Shabani aliisoma barua ile mara nne, akamshukuru Mungu kwa sauti, kisha akaelewa anatakiwa kufanya nini. Alitakiwa asimame amsifu mtani wake, mbele ya macho yake, yungali hai.

Mkutano ulifanyika katikati ya Aprili, kwenye banda la kubangulia, mvua ikipiga mabati. Mjumbe wa wilaya aliitwa Ndugu Danieli, mtu wa Singida, mkavu, kalamu mbili mfukoni. Akawatazama wafanyakazi wote, akamtazama Shabani.

"Ndugu Katibu, nimeisoma ile fomu yako. Leo nikisikia neno moja la mzaha, nafunga daftari na kuondoka. Tumeelewana?"

"Tumeelewana, Ndugu."

"Haya, sema. Huyu ni mtu wa namna gani?"

Shabani akasimama. Watu zaidi ya mia walikuwa wamekaa kwenye ndoo na magunia, midomo imeshajipanga kucheka, kwa kuwa hawakuwahi kumwona akisimama wasicheke. Veronika alikuwa safu ya mbele. Shabani akafungua mdomo, ukabaki wazi. Kila neno lililomjia lilikuwa tusi. Ulimi ulikuwa umezoea njia moja miaka yote ile, sasa unaambiwa upite kwingine. Akafumba macho, akaanza.

"Veronika Nantimbo alikuja hapa Januari, mwaka sabini na nne. Kina mama wa hapa walikuwa wakipimiwa ndoo zao na kuambiwa uzito, wakisema ndiyo, kwani hawakujua kusoma mizani. Yeye akaanzisha kisomo, akawafundisha jioni, baada ya kazi. Hakuna aliyemtuma. Kwenye mtihani wa mwaka jana walifaulu thelathini na mmoja. Leo nani anawadanganya?"

Kicheko kilichokuwa kimejiandaa kilikufa.

"Mwaka jana mke wangu aliumwa. Huyu alikuja nyumbani kwangu siku nne, akachota maji, akamwogesha, akapika. Mimi nilipomuuliza amefuata nini, alisema amekuja kuiba sufuria. Nami nikamwambia achague kubwa. Ndivyo tulivyoongea. Sikumwambia asante. Namwambia leo."

Akasema juu ya Asha, binti aliyekosa nafasi, kwamba kila Jumamosi Veronika alimfundisha hesabu na Kiingereza chini ya kibaraza, na sasa mtoto anasoma kwa njia ya posta na atafanya mtihani wa sekondari kama wenzake. "Kila mwaka tunahesabu watoto wa mkoa huu wanaokwenda Chuo Kikuu, wanaishia kwenye vidole vya mikono. Wasichana ndio hata kidole hakichoki. Mimi niliandika ujinga. Kosa ni langu, si lake. Huyu ni mtu mwaminifu kuliko mimi. Kama kuna mmoja tu wa kutoka hapa kwenda kusoma, ni huyu. Nimemaliza."

Hapo ndipo banda lilipopasuka. Si makofi, kilio! Mama mmoja wa Kimakonde aliweka mikono kichwani akapiga ukelele wa msiba, wengine wakampokea, na banda zima likawa matanga. Veronika alisimama, machozi yanamtiririka, akapaza sauti kuliko mvua.

"Shabani! Mbona unanizika? Kwani mimi nimekufa?"

Shabani hakuweza kumtazama. Alijifunika uso kwa kofia yake.

Ndugu Danieli aliduwaa, kalamu hewani. "Jamani, kuna nini? Mnalia nini? Hamkubaliani na Katibu?"

"Tunakubaliana, Ndugu!" akajibu mbanguaji mmoja mzee, akipenga kamasi kwa upande wa khanga. "Ndiyo maana tunalia."

Danieli akakuna kichwa, akaomba mikono. Ikanyooshwa yote, myeusi kwa mafuta ya maganda ya korosho, hata Magreth akanyoosha wake mweupe wa karatasi. Danieli akahesabu, akaandika. Wanasema katika muhtasari ule kuna mstari usemao "wafanyakazi waliafiki kwa kulia", na kwamba alikataa kuufuta kwa sababu ndivyo alivyoona. Bahati yao, wiki ile ile alikuwa na safari ya Dar es Salaam kwa ndege. Akaubeba mwenyewe.

Ungedhani Shabani angepumua. Thubutu! Tangu siku ile yeye na Veronika hawakuweza kutaniana. Walipokutana mlangoni walipishana kwa adabu. "Habari za asubuhi, Ndugu Veronika." "Nzuri, Ndugu Katibu." Wabanguaji walitazamana. Kiwanda kilipoa, kazi ikawa ndefu. Shabani alimwambia mkewe kwamba ameshamfukia yule binti akiwa hai, na chuo wakimkataa atakuwa amempotezea vyote viwili, shule na mtani. Mwanakombo hakuwa na la kumfariji ila kumwambia aswali, asubiri.

Mei ikaisha. Tarehe mbili Juni, saa nne asubuhi, Shabani alikuwa ameinamia tanuri aliposikia minong'ono nyuma yake. Kugeuka, Veronika amesimama na bahasha ya kaki, na nyuma yake kina mama wote wameacha kazi. Uso wa Veronika haukusomeka.

Veronika akafungua karatasi, akasoma polepole, kila neno likisikika. Amechaguliwa. Kitivo cha Kilimo, Morogoro. Gharama zote juu ya Serikali. Aripoti mwanzoni mwa Julai, waranti ya safari imeambatanishwa.

"Alhamdulillahi," akasema Shabani. Aliketi pale pale chini, kwenye majivu, akalia kama mtoto, mabega yakipanda na kushuka. Miezi minne ilimtoka yote kwa mara moja. Hakuna aliyethubutu kumgusa.

Veronika alimtazama vile kwa muda. Akaikunja barua, akaitia kifuani, akashika kiuno, akawageukia watu.

"Hebu mtazameni Myao huyu! Kumbe alitaka aende yeye! Baba we, Morogoro kuna milima, ukiteleza huko na ufupi huo tutakutafuta kwa chujio!"

Shabani akainua uso, majivu na machozi vimechanganyika, akamtazama Veronika machoni kwa mara ya kwanza tangu Aprili. Yule binti alikuwa hai, na alikuwa anamtukana.

"Poleni watu wa Morogoro," akasema, sauti imekwaruza, akajikongoja kusimama. "Wamekaa kwa amani na milima yao tangu enzi za mababu. Wakimwona Mmakonde huyu anashuka na sanduku, hata Uluguru itafunga mizigo ihame."

Banda likalipuka kwa kicheko, Magreth naye akicheka mpaka akashika ukuta, ingawa alikuwa hajui bado ni kipi hasa kinachochekesha. Veronika alimpiga Shabani kofi la begani, Shabani akamwambia aondoke machoni pake kabla hajaandika barua nyingine. Kisha wote wakaanza kupiga kelele kwa pamoja, kwa sababu korosho zilikuwa zinaungua.